Vichanga vya Uyoga: Uchambuzi wa Kisa Kimoja cha Malishoni

Simu iliita saa tisa na nusu alasiri. Aliyepiga ni binti wa jirani yangu, mama mtu mzima ambaye mimi humwita Shangazi ingawa hatuna udugu wa damu. "Kaka, Mama anatapika. Mtoto anatapika na kuhara. Wamekula uyoga wa malishoni. Mimi nimekula pia, lakini sina kitu."

Maneno hayo ya mwisho ndiyo yaliyowachelewesha. Kwa zaidi ya saa nzima walikuwa wamekaa nyumbani wakilaumu mafuta ya kupikia, kwa kuwa mmoja wao alikula chungu kilekile na alikuwa mzima.

Shangazi si mgeni wa uyoga. Kwa misimu minne amekuwa akichuma uyoga wa malisho, Agaricus campestris, katika uwanda uleule wa nyasi, na mimi ndiye niliyemfundisha. Kwa hiyo kisa hiki nimekaa nacho muda mrefu, nikakirudia hatua kwa hatua pamoja naye, na ameniruhusu nikiandike mradi nisimtaje jina. Kosa lenyewe ni la aina ambayo mtu anaweza kulirudia miaka mingi bila kudhurika hata kidogo, akaamini kuwa ndio ujuzi.

Maswali ya kwenye simu

Kabla ya swali lolote nilimwambia watafute usafiri waende hospitali, wote watatu, naye akiwemo. Wasijilazimishe kutapika zaidi, wasinyweshwe maziwa wala mafuta. Maji kidogo kidogo kama yatakaa tumboni. Wachukue uyoga mbichi kiasi, waufunge kwenye karatasi, na mabaki ya chakula kilichopikwa pia. Kikapu kilichobaki waniachie barazani.

Ndipo nikauliza. Mlikula saa ngapi? Saa saba mchana. Nani alianza kuumwa, na saa ngapi? Mtoto, saa nane na robo. Mama dakika ishirini baadaye. Kuna anayetokwa na jasho jingi, mate au machozi? Hapana. Kuna anayeona vitu visivyokuwepo, au kuongea maneno yasiyoeleweka? Hapana. Uyoga ulipikwa wa aina moja? "Mama anasema ni ule wake wa siku zote."

Katika sumu ya uyoga, swali la saa ndilo zito kuliko yote. Uyoga mwingi unaosumbua tumbo huanza kazi ndani ya saa chache, mara nyingi kabla ya saa sita kupita tangu mlo. Hutesa, lakini kwa kawaida mtu mzima hupona akirudishiwa maji mwilini. Uyoga unaoua kwa ini, na wa kwanza kati ya huo ni Amanita phalloides, huchelewa: dalili huanza kati ya saa 6 na 24 baada ya kula. Sumu yake, amatoksini, huzuia kimeng'enya cha RNA polimerasi II, kile kinachonakili maelekezo ya jeni ndani ya seli. Seli ya ini isiponakili, haitengenezi protini, na isipotengeneza protini hufa. Mgonjwa hutapika na kuhara siku ya kwanza, kisha hupata nafuu ya uongo, huenda hata akaomba kurudishwa nyumbani, na siku ya tatu au ya nne ini linaanguka. Kiasi cha miligramu 0.1 kwa kila kilo ya uzito wa mwili kinatosha kuua, maana yake kichwa kimoja cha uyoga kinaweza kummaliza mtu mzima.

Jasho, mate na machozi niliviuliza kwa sababu ya muskarini, sumu iliyomo katika uyoga mdogo mweupe wa nyasini uitwao Clitocybe rivulosa. Hiyo huanza mapema sana, hata ndani ya robo saa, na madaktari wanayo dawa ya kuipinga, atropini. Haikuwepo dalili yake hapa.

Basi dakika 75 za mtoto zilielekeza kwenye sumu ya tumbo. Mtu angeweza kushusha pumzi hapo, na najua wengi hushusha. Mimi sikuweza, kwa sababu chungu kilikuwa kimoja na kikapu sijakiona. Uyoga wa haraka unaweza kuuficha ule wa polepole. Kama aina mbili zimeingia chunguni pamoja, tumbo litaanza kulalamika saa nane mchana kwa sababu ya aina ya kwanza, huku ya pili ikiendelea na kazi yake kimyakimya, na kutapika kutakapokoma usiku kila mtu atasema imekwisha. Kwa sababu hiyohiyo nilisisitiza binti naye aende. Kwa amatoksini, mtu kuwa mzima saa tisa alasiri baada ya kula saa saba hakuthibitishi kitu.

Kikapu

Nilifika barazani saa kumi. Ndani ya kikapu mlikuwa na vichwa 23. Nilivipanga juu ya gazeti, si kwa ukubwa, bali kwa jinsi vilivyofunguka: 17 vilikuwa vimefunua kofia, na 6 vilikuwa bado vimefumba, mviringo kama yai, utando ukiwa umeshika ukingo wa kofia kwenye shina. Hivyo vilivyofumba nitaviita vichanga. Na vile vipande vyembamba vilivyosimama chini ya kofia, vinavyokaa kama kitabu kilichoachwa wazi, nitaviita kurasa, kwa kuwa ndivyo mimi na Shangazi tunavyoviita.

Vile 17 havikunipa shida. Kofia nyeupe, upana wa sentimita 5 hadi 9, kurasa za waridi kwa vilivyo vichanga kidogo na za kahawia iliyoiva, kama chokoleti, kwa vilivyokomaa. Kurasa hazikugusa shina. Pete ilikuwa nyembamba, ya kuchanika kwa kidole. Nilikwaruza ukingo wa kila kofia na sehemu ya chini ya kila shina kwa ukucha, nikangoja. Hii ni kwa ajili ya Agaricus xanthodermus, ndugu yake anayefanana naye mno na anayesumbua tumbo: ukimkwaruza, hasa kwenye kitako cha shina, hubadilika manjano kali papo hapo, na harufu yake ni ya wino au ya dawa ya kusafishia sakafu za hospitali. Hakuna kilichogeuka manjano. Harufu ilikuwa nzuri, ile tuliyoizoea. Vyote 17 vilikuwa Agaricus campestris.

Kisha nikavichukua vichanga sita na kuvipasua katikati, kutoka utosini hadi chini. Vinne vilionyesha ndani mstari mwembamba wa kurasa za waridi. Viwili vilionyesha kurasa nyeupe kabisa.

Hapo niliketi chini.

Kwa nje vilikuwa vimefanana kiasi kwamba nilivirudisha pamoja mara mbili ili nione kama ningeweza kuvitofautisha bila kuvipasua. Tofauti ilikuwepo, ila ni ya kuitafuta: vile viwili vilikuwa na doa la kahawia hafifu utosini, ngozi laini iliyoelekea kuanza kupasuka. Shangazi alikuja kuniambia baadaye kwamba aliliona doa hilo na akadhani ni udongo, akalifuta kwa kidole, halikutoka, akaendelea.

Kurasa nyeupe katika uyoga mweupe wa nyasini ni alama ya kusimamisha kila kitu. Zinaweza kuwa za uyoga unaolika. Zinaweza pia kuwa za Lepiota, za Chlorophyllum, au za Amanita, jamii tatu zenye aina za sumu ndani yake. Kichanga cha Amanita kikipasuliwa huonyesha mchoro wa uyoga mzima uliolala ndani ya ganda, kama kifaranga ndani ya yai, na kitako chake hukaa katika kifuko. Hivi viwili havikuwa na ganda la nje. Lakini vilikuwa vimekatwa kwa kisu usawa wa ardhi, na kitako, ambacho ndicho kingenipa jibu, kilikuwa kimebaki malishoni.

Malishoni, kabla ya giza

Binti alinielekeza kwa simu akiwa wodini. Mtoto alikuwa ameshawekewa dripu. Nilifika uwandani kama saa kumi na moja, nikiwa na kijiko kirefu cha chuma, mfuko wa karatasi na tochi.

Duara la Shangazi nalijua. Uyoga wa malisho hukaa ardhini kama nyuzi zinazotanda kutoka kituo kimoja kwenda nje pande zote, na vichwa tunavyoviona huchipuka kwenye ukingo wake. Nyuzi hizo huozesha mabaki ya mimea na kuachia naitrojeni, ndiyo maana nyasi za ukingoni huwa za kijani iliyokolea kuliko jirani zake, na mtu akisimama mbali huona mkanda wa mviringo. Niliufuata mkanda huo nikitafuta vitako. Havikuwa vigumu kuviona: kila kimoja kilikuwa kiduara cheupe kilichokatwa, kikianza kukauka.

Niling'oa kumi na viwili kwa kuchimba pembeni, si kwa kuvuta. Vingi vilikuwa vyembamba kuelekea chini, kama Agaricus campestris inavyopaswa kuwa. Upande wa kusini wa duara vilibadilika. Vitako vinne pale vilikuwa vimevimba chini kama kitunguu kidogo. Havikuwa na kifuko. Nilivisafisha udongo kwa vidole, taratibu, maana kifuko cha Amanita huchanika na kubaki ardhini kwa urahisi, nikachimba tena kila shimo na kupekua udongo wake. Hapakuwa na kipande cha ngozi wala ganda.

Hatua mbili kutoka hapo ulisimama uyoga mkubwa, vichwa vitatu vilivyofunguka kabisa, kofia pana kama sahani, sentimita 20 hivi, nyeupe zenye magamba ya kahawia yaliyosongamana utosini. Shina lilikuwa laini, bila ile michoro kama ngozi ya nyoka iliyopo kwenye Macrolepiota procera, uyoga mwingine mkubwa unaofanana nao. Pete ilikuwa nene na ilisogea juu na chini ya shina. Kurasa za kichwa kichanga zaidi kati ya vile vitatu zilikuwa nyeupe. Za kile kilichokomaa zilikuwa zimeanza kuchafuka kwa rangi ya kijani iliyofifia.

Nilimpigia Shangazi mwenyewe, sauti yake ikiwa ya chini sana. Nikamuuliza kama aliuona uyoga ule mkubwa. "Niliuona, mwanangu. Nikaupita. Ule si wangu, naujua." Aliupita kweli. Aliutambua kuwa si wake, akauacha, kisha akainama hatua mbili mbele yake na kuwachuma watoto wake.

Nilizunguka pia kutazama miti. Amanita phalloides huishi kwa kushirikiana na mizizi ya miti, na mizizi hufika mbali kuliko kivuli, kwa hiyo uyoga huo unaweza kutokea kwenye nyasi ambapo mtu haoni mti wa karibu. Tena zipo Amanita nyingine zinazoishi nyasini bila kuhitaji mti. Sikuona hata kichwa kimoja cha jamii hiyo kwa kadiri mwanga uliobaki uliniruhusu. Nilimpa daktari wa zamu habari hiyo jinsi ilivyokuwa, bila kuiongezea uhakika.

Rangi ya kijani

Kichanga hakitoi spora, zile chembe laini kama vumbi ambazo uyoga huzaana kwazo na ambazo rangi yake husaidia kuutambua, kwa hiyo vile viwili vya kikapuni visingeweza kunisaidia zaidi. Nilichukua kofia ya kichwa kilichokomaa, nikakata shina, nikailaza kurasa zikitazama chini juu ya karatasi ambayo nusu yake ilikuwa nyeupe na nusu nyeusi, nikaifunika kwa bakuli la kioo. Nusu nyeusi ni kwa ajili ya spora nyeupe, ambazo kwenye karatasi nyeupe hazionekani.

Saa kumi na moja alfajiri niliinua bakuli. Chapa iliyoachwa na spora zilizodondoka ilikuwa ya kijani, yenye kijivu ndani yake, ikionekana vizuri upande ule mweupe. Spora za kijani ni nadra kiasi kwamba uyoga mkubwa wa nyasini, wenye magamba na pete inayosogea, ukiacha chapa hiyo, jina lake ni moja: Chlorophyllum molybdites. Ulielezwa kitaalamu mara ya kwanza mwaka 1818, na jenasi yake ikapewa jina mwaka 1898 kutokana na maneno ya Kigiriki yenye maana ya kijani na jani. Huota katika nyasi za nchi zenye joto na huhesabiwa miongoni mwa uyoga unaoongoza kwa kuwapeleka watu hospitali katika maeneo hayo. Hutapisha na kuharisha, kwa kawaida ndani ya saa moja hadi tatu. Dakika 75 zilikaa mahali pake.

Hospitali iliwashikilia wote watatu siku mbili, ikarudia vipimo vya ini na figo. Kuna ndugu waliolalamika kwamba jibu lilishapatikana alfajiri, kwa nini watu walale tena? Mimi naona madaktari walifanya sawa kabisa. Chapa yangu ilitambua kichwa kimoja kilichokuwa malishoni. Haikutambua kila kipande kilichoingia chunguni, na vilivyoliwa havikuwepo tena kuulizwa. Vipimo vilibaki vya kawaida. Shangazi aliacha kutapika saa tatu usiku ule ule. Mtoto, ambaye ana miaka tisa na mwili mdogo usio na akiba ya maji, alihara hadi alfajiri na alirudi nyumbani siku ya tatu akiwa amepungua usoni.

Kosa lilikaa wapi

Shangazi alipopata nguvu tulikaa kulijadili. Yeye alisema kosa ni lake kwa kutolitazama doa. Sikubaliani naye, na nina sababu.

La kwanza ni vichanga. Shangazi hakuvitambua vichanga, alivihesabia ukoo. Alitazama uyoga uliofunguka, akautambua kwa usahihi kabisa, kisha akachukua vidogo vilivyokuwa pembeni yake akiamini ni watoto wake. Tumezoea kusema mtoto wa nyoka ni nyoka, na ni kweli, lakini lazima kwanza ujue mama ni yupi. Kichanga kimefumba. Rangi ya kurasa, ambayo ndiyo alama kuu ya Agaricus, imefichwa ndani yake. Mchumaji akikiweka kikapuni bila kukipasua, amechuma kitu ambacho hakukiona. Na vichanga ndivyo vinavyopendwa zaidi kwa ulaini wake, ndiyo maana Shangazi alimtengea mjukuu.

Hapo pia lipo jibu la binti. Yeye alijipakulia vipande vikubwa vya kahawia, maana ndivyo anavyovipenda, na vichanga vikaenda kwenye sahani ya mtoto na vichache kwa bibi. Chungu kilikuwa kimoja, sahani hazikuwa sawa. Ningeongeza kwamba Chlorophyllum molybdites haiwashiki watu wote kwa ukali ule ule. Wapo walioila bila kuugua. Mtu wa namna hiyo ni hatari mezani, kwa sababu wengine humfanya kipimo.

La pili ni duara. Kwa misimu mitatu upande ule wa kusini ulikuwa wa Agaricus peke yake, na Shangazi alikuwa na haki ya kuuamini kwa misimu hiyo mitatu. Lakini duara la uyoga halikai pale pale. Kila mwaka ukingo wake husogea nje. Nyuzi za Chlorophyllum, ambayo nayo huota kwa duara, zilikuwa zikija kutoka upande wa pili wa uwanda, na msimu huu kingo mbili zilikaribiana hadi umbali wa hatua moja. Nilizipima kwa kutazama mikanda ya nyasi: mmoja wazi kabisa, wa pili hafifu, ukiwa ndio kwanza unakolea. Shangazi alichuma mahali, na mahali palikuwa pamebadilika chini ya ardhi.

La tatu ni kisu, na hili ni langu. "Mwanangu, wewe ndiye uliyeniambia nikate," alisema, bila kunilaumu, akinikumbusha tu. Nilimwambia. Miaka minne iliyopita nilimfundisha kukata shina usawa wa ardhi ili nyuzi zisijeruhiwe na uyoga urudi mwakani, kwa sababu nami nilifundishwa hivyo na sikuwahi kuuliza. Uswisi, watafiti walichuma uyoga katika vipande vya msitu kwa miaka 29, kwa kuung'oa na kwa kuukata, wakachapisha matokeo mwaka 2006: namna ya kuchuma haikupunguza mavuno ya miaka iliyofuata. Kilichopunguza idadi ya vichwa ni kukanyagakanyaga ardhi. Ule ulikuwa msitu na hili ni malisho, lakini hata kama kukata kungesaidia kidogo, bei yake ni kuacha ardhini kile kipande ambacho humtambulisha Amanita. Siku ile bahati ilikuwa kwamba nilivikuta vitako kabla ng'ombe hawajapita. Niliwahi kuwafundisha watu wengine watano kukata, na nimewapigia simu wote.

Majaribio ya jikoni

Shangazi alikuwa amefanya majaribio. Alimenya ngozi ya kofia, ikatoka vizuri. Aliona konokono amekula ukingo wa kichwa kimoja. Alipika na kitunguu na hakikugeuka cheusi. Haya matatu nimeyasikia kwa watu wa kila aina, na hakuna hata moja linalopima sumu. Ngozi ya Amanita phalloides humenyeka vizuri. Konokono hula uyoga unaoua binadamu na kuendelea na safari yake. Kitunguu, na kijiko cha fedha kadhalika, havijui chochote kuhusu amatoksini. Wala moto haumsaidii mtu: amatoksini hustahimili kuchemshwa, kukaushwa na kugandishwa. Nayaandika kwa ukali kidogo kwa sababu siku ile ndiyo yaliyomfanya Shangazi aliache lile doa. Angekuwa hana jaribio la kumtuliza, nadhani angelitazama tena.

Jinsi anavyochuma sasa

Sikumshauri aache. Angeacha angekuwa na haki, lakini anaupenda uyoga wake na anaujua, na kilichokosekana kilikuwa hatua tatu nne.

Sasa kila kichwa hung'olewa kizima pamoja na kitako, kwa kuchimba pembeni, kikasafishwa na kutazamwa pale pale kabla hakijaingia kikapuni. Kila kichanga hupasuliwa malishoni, utosini hadi chini. Chenye kurasa za waridi huingia. Chenye kurasa nyeupe hubaki, hata kama huenda ni cha Agaricus nyingine ambayo kurasa zake huanza na weupe. Hatuna sababu ya kukibishania. Chenye mchoro wa uyoga ndani ya ganda hubaki, na kisu hufutwa. Uyoga wa mviringo usio na kofia, ule unaofanana na mpira, nao hupasuliwa vivyo hivyo, na ndani lazima uwe mweupe mmoja tu, bila mstari, bila rangi, kama mkate.

Chungu hupika aina moja. Vichwa viwili vibichi huwekwa kando ndani ya karatasi, kwenye friji, hadi kesho yake, plastiki huviozesha. Mtoto hali uyoga wa kuchuma kwa sasa. Uamuzi huo ni wa mama yake na hakuna aliyeupinga.

Kuhusu duara, Shangazi alibuni lake mwenyewe, na mimi nimemuiga katika maeneo yangu. Alichonga vijiti sita, akavisimika kwenye ukingo wa mkanda hafifu wa upande wa kusini, ule wa Chlorophyllum, kila kimoja kikigusa mwisho wa nyasi zilizokolea. Mvua zilipoanza tena alikwenda kuvitazama kabla hata uyoga haujachipuka, akanipigia kutoka kule kule.

"Nyasi zimevuka kijiti cha tatu na cha nne, mwanangu. Kiganja kizima. Upande huu mwaka huu sishiki kichanga, hata kiwe cha waridi."